Nina zuio la mahakama mkononi, polisi wananiambia niweke mafuta

Wakuu habari za jioni. Naandika nikiwa na hasira, lugha mnivumilie.

Nina mashine ya kukoboa mpunga huku Mbarali, kwa ubia na jamaa mmoja tangu 2019. Yeye banda, mimi mashine na mota, mkataba tuliandikishana kwa wakili. Mwaka huu mavuno yameanza tu, akasema mkataba umekufa. Kukosana kupo, ndiyo biashara. Lakini Jumapili alfajiri kaleta vijana sita kwa bodaboda, wana mapanga, wakamtoa mlinzi wangu na kupiga makufuli mawili juu ya langu.

Sikuita watu wangu, nikaenda mahakamani. Maombi ya dharura, kiapo, gharama za wakili (tuziache). Nikapata zuio la muda: asitoe kitu, afungue, wateja wachukue mali zao. Nikajua yameisha.

Nikaipeleka kituoni. Afande akaisoma taratibu, akaigeuza nyuma kuangalia kama kuna kingine, akanirudishia. "Hii ni kesi ya madai, mzee. Sisi hatuingilii." Kesho yake nikarudi na dalali wa mahakama, yule anayetekeleza amri zake. Eti barua ipitie kwa mkuu wa polisi wa wilaya. Ikapita. Juzi wakasema askari wapo ila gari halina mafuta, niweke lita 20. Nikaweka! Gari halijaonekana hadi leo.

Madai gani yanashika panga? Kanuni ya Adhabu, kifungu cha 124, kukaidi amri halali ni jinai, kifungo miaka miwili. Mimi mkoboa mpunga nimekisoma, wao hawakijui?

Na mwenzangu anajua anachofanya. Zuio la muda halizidi miezi sita mpaka uombe kuongezewa, na msimu wa mpunga haufiki huko. Anangoja tu. Dalali naye hana bunduki, ana karatasi kama mimi.

Kinachoniuma ni magunia ya watu. Kuna mama ana gunia 22 mle ndani, ada ya mtoto yote iko humo. Kila asubuhi anakuja, anakaa juu ya mzani uliobaki nje, haongei. Jana akachungulia kwenye tundu la bati, akahesabu kwa kidole, akarudia tena. Akanigeukia: "Mwanangu, mbona naona kumi na tisa?"

Nilikosa jibu.

Kesi inatajwa Alhamisi. Wakili wangu anataka tuombe amri nyingine inayomtaja mkuu wa polisi moja kwa moja, asimamie ufunguzi, na tarehe iandikwe. Kaka yangu anasema tuachane na polisi, tumshtaki mbia kwa kudharau mahakama, akilala ndani siku mbili atatoa funguo mwenyewe. Waliopitia haya, ipi ilienda haraka? Msiniambie nivumilie.

Na zile lita 20 namdai nani?