Obama 2012: alishinda kwa kazi yake, au Romney alijimaliza mwenyewe?

Ngosha wa Kirumba
Wakuu, tulijadili hili bila jazba kama inawezekana. Uchaguzi wa Marekani ukikaribia au ukipita, lazima atokee mtu aseme Obama alirudi madarakani 2012 kwa sababu dunia nzima ilimpenda. Dunia haipigi kura Marekani. Yule bwana alikuwa amekalia kuti kavu. Septemba 2012 ukosefu wa ajira ulikuwa asilimia 7.8, na tangu zama za Roosevelt hakuna rais aliyerudishwa hali ikiwa mbaya kiasi hicho. Reagan 1984 alirudi kwenye 7.2. Miaka miwili kabla, chama chake kilikuwa kimenyukwa, viti 63 vya Baraza la Wawakilishi vikaenda. Mdahalo wa kwanza pale Denver, Oktoba 3, alisinzia jukwaani. Na bado akaondoka na kura 332 za wajumbe, zile za majimbo zinazoamua urais, na mpinzani wake wa Republican, Mitt Romney, 206. Kwangu mimi Romney ndiye aliyempa ushindi. Tajiri anarekodiwa kwenye hafla ya wachangiaji wake akisema asilimia 47 ya Wamarekani wanaitegemea serikali na si kazi yake kuwahangaikia. Mtu kama huyo unamnadi vipi kwa mfanyakazi aliyepunguzwa kazini? Karibuni.

Binti Chumbageni
Alisinzia? Mtu aliyempata Osama ndani ya Pakistan baada ya kutafutwa karibu miaka kumi, wewe unasema alisinzia. Chuki nyingine hazina hata aibu.

Ngosha wa Kirumba
Dada yangu, Osama alipatikana Mei 2011. Denver ni Oktoba 2012. Hata mashabiki wake wa damu walishika vichwa usiku ule. Soma kwanza, ndipo unitukane.

Binti Chumbageni
Sijakutukana. Ningekutukana ungejua.

Kasuku Mweusi
Nimeshavuta kiti.

Mkaazi wa Columbus
Nilikuwa hapa Ohio mwaka ule, naomba niseme niliyoyaona. Jimbo lilikuwa na kura 18 za wajumbe na wagombea wote wawili walikuwa hawabanduki. Unawasha televisheni kuangalia hali ya hewa, hujajua bado kama kesho kuna mvua, umeshakula matangazo manne ya siasa.

Ile video ya asilimia 47 ilimuumiza Romney, lakini huku kilichommaliza ni magari. Mwaka 2008, kampuni za magari GM na Chrysler zikiwa hoi, Romney aliandika makala kwenye New York Times, na wahariri wakaipa kichwa kinachosema Detroit iachwe ifilisike. Ukisoma ndani, alichopendekeza ni ufilisi wa kusimamiwa na mahakama, na kweli 2009 kampuni zote mbili zilipitia mahakamani. Tofauti ni kwamba Obama aliweka hela ya serikali mezani ili zitoke upande wa pili zikiwa hai. Tena kwa haki, hela ya kwanza aliitoa Bush, Desemba 2008, dola bilioni 17.4. Lakini nani anakumbuka Desemba? Watu walikumbuka kichwa cha habari.

Halafu mwishoni mwa Oktoba kampeni ya Romney ikarusha tangazo la kuwafanya watu waamini kazi za Jeep zinahamia China. Kampuni yenyewe ikakanusha. Jeep inatengenezwa Toledo, humuhumu Ohio. Mtu anayeifunga Jeep nati kila siku utamdanganya nini kuhusu Jeep? Obama akalibeba jimbo kwa tofauti ya asilimia kama tatu hivi. Kwa hiyo Ngosha uko nusu sahihi: Romney alijimaliza, ila alijimalizia kwenye jambo ambalo mwenzake alikuwa ameshalifanya.

Kasuku Mweusi
Na kimbunga Sandy mmekiacha? Wiki moja kabla ya kura, Gavana Christie wa New Jersey, Republican kabisa, anatembea na Obama kwenye vifusi na kumsifia. Wenzake walimnunia muda mrefu.

Muhenga
Mkaazi umeandika vizuri, lakini mnavyomtakatisha huyu mtu mnanichekesha. Hivi mnajua aliingiaje kwenye siasa? 1996, Chicago, useneta wa jimbo la Illinois. Aliwawekea wenzake wote pingamizi kwenye sahihi za wadhamini, wakaenguliwa, akapita bila kupingwa. Angegombea udiwani huku kwetu angejiona yuko nyumbani.

Binti Chumbageni
Uongo mtupu. Leta ushahidi.

Muhenga
Hili halijawahi kuwa siri, mama. Alice Palmer alikuwa seneta wa eneo lile. 1995 akataka kwenda Bunge la Washington, akamwachia Obama kiti, tena akamtambulisha kwa watu. Palmer akabwagwa na Jesse Jackson Jr., akataka kurudi kwenye kiti chake, wafuasi wakamkusanyia sahihi haraka haraka. Kijana wake akatuma watu wakaenda kuzikagua moja baada ya nyingine. Palmer nje. Wengine watatu nje. Machi 1996 kwenye kura za maoni za Democrats likabaki jina moja. Mama wa watu alimpa kiti, yeye akamfungia mlango.

Mkwezi
Muhenga punguza chumvi. Hapo ni kura za maoni za chama. Novemba kulikuwa na wapinzani kwenye karatasi na aliwashinda. Na hizo sahihi zilikuwa na kasoro kweli: wengine hawakuwa wamejiandikisha, wengine wanaishi nje ya eneo, wengine wamechapa jina kwa herufi kubwa badala ya kusaini. Sheria ilikuwepo kabla yake.

Muhenga
"Sheria ilikuwepo." Hiyo sentensi nimeisikia sana huku. Kila aliyeenguliwa kaambiwa hivyohivyo.

Mkwezi
Usifananishe vitu visivyofanana. 2019 mjomba wangu alikwenda kurudisha fomu ya uenyekiti wa mtaa, akakuta ofisi imefungwa kufuli, karudi kesho yake bado kufuli, keshokutwa akasomewa jina kwamba hakurudisha fomu. Chicago walikaa mezani, sahihi inasomwa, inapingwa, inatetewa. Kama hujui tofauti ya kukaguliwa na kufungiwa ofisi basi tusibishane.

Kasuku Mweusi
Pole kwa mjomba. Hivi alikata rufaa?

Mkwezi
Rufaa aipeleke wapi, kwenye ileile ofisi yenye kufuli?

Ngosha wa Kirumba
Jamani, uzi unahusu 2012. Ohio, Romney, ajira.

Ustaadh Mpole
Mimi nilimtoa moyoni siku alipomuua Gaddafi. Hayo ya Ohio ni yenu.

Mkaazi wa Columbus
Ustaadh, Gaddafi alikamatwa na kuuawa na wapiganaji wa Libya wenyewe, Oktoba 2011. NATO ilipiga msafara wake, hilo ni kweli, na Marekani ilikuwa ndani ya NATO.

Ustaadh Mpole
Sawa, hakumuua. Alimshikia mlango. Nimerekebisha.

Jaduong' wa Nyalenda
Nyinyi majirani mnamsema sana huyu kijana wetu. Mnasahau alianguka kabla ya kupanda. Mwaka 2000 alisimama dhidi ya Bobby Rush kutafuta kiti cha Congress akachapwa vibaya, karibu mara mbili ya kura zake. Mtu mwingine angerudi kufundisha sheria akanyamaza. Miaka minne baadaye yuko Boston anahutubia mkutano wa Democrats na dunia nzima inauliza huyu ni nani, Novemba hiyohiyo anakuwa seneta kwa asilimia 70. Huyo si mtu wa kupita bila kupingwa.

Muhenga
Hiyo asilimia 70 useme pia mpinzani alikuwa nani. Mgombea wa Republican, Jack Ryan, alijitoa baada ya nyaraka za talaka yake kuanikwa hadharani. Wakamleta Alan Keyes kutoka Maryland miezi mitatu kabla ya kura. Hata njia za mabasi za Chicago hazijui. Huyu bwana ana nyota ya wapinzani wanaoanguka wenyewe, na hapo nakubaliana na Ngosha.

Ngosha wa Kirumba
Asante. Angalau mmoja kasoma mada.

Kasuku Mweusi
"Kijana wetu", Jaduong'? Kazaliwa Honolulu, kalelewa na mama na bibi wa Kansas, baba alimwona mara chache tu. Nyie mlipewa mapumziko ya kitaifa Novemba 6, 2008 kwa uchaguzi wa nchi nyingine! Na bia ya Senator mkaibatiza Obama.

Jaduong' wa Nyalenda
Holiday alitangaza Kibaki na tukalala vizuri. Ilianza asubuhi ikaisha usiku. Nyinyi alikuja siku mbili tu 2013 mkang'oa jina la Ocean Road mkaandika Barack Obama Drive. Hiyo mpaka leo haijaisha.

Kasuku Mweusi
Hapo umenipata, nakaa.

Muhenga
Afadhali umeligusa. Accra wana barabara kuu ya George Bush, lakini ile imejengwa kwa hela za Marekani, mfuko wao wa misaada wa MCC. Sisi tulichukua barabara iliyokuwepo tangu zamani, upepo wake wa bahari, minazi yake, tukampa mtu ambaye hajaweka hata kokoto. Mwenye kustahili barabara Dar ni Bush. Dawa za ARV kupitia PEPFAR, mpango wa Marekani wa kupambana na UKIMWI, 2003, ni Bush. Dola milioni 698 za MCC alizosaini na Kikwete Februari 2008 ni Bush. Nyaya za umeme za chini ya bahari kwenda Unguja, Bush. Binti Chumbageni, ile lami ya Tanga mpaka Horohoro unayopita kwenda Mombasa ni hela ya Bush. Endelea kumtukuza Obama ukiwa juu ya lami ya Bush.

Binti Chumbageni
Nilikuwa nimenyamaza, lakini umenifuata mpaka mlangoni. Mkataba ulisainiwa Februari 2008, Bush akaondoka Januari 2009. Hela zilitoka mpaka 2013. Nani alikuwa rais mkandarasi anamwaga lami? Ukisaini hundi ukahama mji, aliyebaki ndiye anayelipa. PEPFAR nayo hakuifuta. Na umeme mmesahau? Power Africa, mpango wa Marekani wa umeme Afrika, aliizindua 2013 na akaja mwenyewe mpaka kwenye mtambo wa Ubungo.

Muhenga
Ubungo alikuja kucheza mpira. Picha zipo, anapiga danadana ule mpira wa kuhifadhi umeme.

Binti Chumbageni
Na Bush alicheza ngoma Liberia, kwa hiyo?

Mkaazi wa Columbus
Kwa taarifa tu, Julai 2013 wote wawili walikuwa Dar kwa wakati mmoja. Waliweka shada pamoja ubalozini kuwakumbuka waliokufa kwenye mlipuko wa 1998. Wao hawagombani kama nyinyi.

Muhenga
Binti, swali moja jepesi. Mkataba wa pili wa MCC, zaidi ya dola milioni 470, ulisimamishwa Machi 2016. Nani alikuwa rais?

Binti Chumbageni
Unajua sababu vizuri. Uchaguzi wa marudio Zanzibar, na ile sheria ya makosa ya mtandao.

Muhenga
Ndiyo hapo sasa! Aliyewaengua wenzake wote kwa sahihi za wadhamini, serikali yake inakuja kutunyima hela za umeme kwa sababu uchaguzi wetu haukuwapendeza. Nicheke au nilie?

Mkwezi
Ulie. Marudio yenyewe CUF walisusia. Marekani walitaka wafanye nini, wapige makofi?

Jaduong' wa Nyalenda
Accra 2009 aliwaambia Afrika haihitaji wababe, inahitaji taasisi zenye nguvu. Mlipiga makofi kote bara hili. Ilipokuja na bili mkakasirika.

Muhenga
Taasisi zenye nguvu alizikuta Chicago, akazitumia vizuri.

Mkwezi
Unarudi kulekule. Nikuulize, Palmer alikwenda mahakamani kupinga zile sahihi zake kukataliwa? Alijitoa. Angekuwa nazo za kutosha angekaa apambane.

Muhenga
Mjomba wako naye hakwenda mahakamani.

Mkwezi
Mjomba wangu umwache nje ya mdomo wako. Nimekuheshimu tangu mwanzo nakuita Muhenga kwa sababu ya jina, si kwa sababu ya hekima.

Kasuku Mweusi
Uwiii. Chumba kimepata joto.

Ngosha wa Kirumba
Naomba niulize upya labda nitapata mtu. Indiana na North Carolina alizishinda 2008, 2012 zikamponyoka. Kura zake zilishuka kutoka milioni 69 na ushee hadi karibu 66. Rais anayependwa na dunia anapoteaje kura milioni tatu na nusu ndani ya miaka minne? Mwenye jibu?

Mkaazi wa Columbus
Jibu ni kwamba hakuhitaji zile milioni tatu. Alihitaji Ohio, Florida, Virginia, Colorado, na watu wake walikuwa na orodha ya mpiga kura mmoja mmoja. Sisi kanisani kwetu, Wakongo na Watanzania tuliopata uraia, waligonga mlango wa kila mtu. Wa Romney hatukuwaona. Florida aliichukua kwa tofauti isiyofika asilimia moja. Huo ni utendaji, Ngosha, hapo mapenzi hayahusiki.

Ngosha wa Kirumba
Hii sasa ni hoja. Kumbe ni karibu na alichofanya kwa Palmer: kuhesabu majina kuliko wenzako.

Binti Chumbageni
Hata wewe umeingia kwa Palmer! Haya, nawaacha. Ila Muhenga, hiyo lami ya Horohoro unayoisema sana umewahi kuipita, au unaisoma tu?

Muhenga
Nimepita Desemba. Lami nzuri. Matuta yamezidi.

Binti Chumbageni
Matuta tumeweka wenyewe. Hayo usimpe Bush.