Mjadala: Mfadhili wa hospitali na shule, farasi wa mbio wa nini?

Mwaloni_Kwetu: Wakuu, salaam. Jana kijiweni hapa Kirumba, Mwanza, nusura meza ivunjike. Hayati Aga Khan wa nne, Karim, kiongozi wa Waislamu wa Ismailia, aliyefia Lisbon Februari 2025, tunamjua kwa hospitali na shule. Kumbe huyo huyo alikuwa na mazizi ya farasi wa mbio Ufaransa na Ireland, wanyama wa bei ya kutisha. Je, mtu anayesaidia maskini ana haki ya anasa hiyo? Changieni bila matusi.

Bibi Dagaa: Hela zake, farasi wake. Nyie inawauma wapi?

Mzee wa Nyegezi: Hela zake tangu lini? Hizo ni sadaka za waumini. Mtu anapimwa kwenye mizani kwa almasi, kesho yake anakimbiza farasi. Na mbio za farasi ni kamari.

Capri_Juu: Mzee wangu, shikamoo. Aliyepimwa kwa almasi ni babu yake, Sultan Mahomed Shah, mwaka 1946, Bombay na hapo Dar es Salaam. Karim alikuwa na miaka 9. Ule ukumbi wa Diamond Jubilee pale Upanga unadhani jina lilitoka wapi? Farasi nao alirithi. Baba yake, Aly Khan, alikufa kwa ajali ya gari karibu na Paris mwaka 1960, kijana akaachiwa mazizi akiwa na miaka 23.

Mzee wa Nyegezi: Marahaba. Babu, baba, mjukuu, mizani ni ile ile.

Kijana wa Buzuruga: Mzee unaongelea kamari na mkeka wako wa kubeti wa Jumamosi ulichanika mbele yetu? Mtume mwenyewe alishindanisha farasi. Dau wanaweka walioko nje ya uwanja.

Mzee wa Nyegezi: Mkeka wangu haujengi hospitali. Usinifananishe.

Kijana wa Buzuruga: Halafu hamjamtaja Shergar, farasi wake! Mbio za Derby, Epsom, Uingereza, 1981, aliwaacha wenzake urefu wa farasi 10. Februari 1983 watu wenye silaha wakaingia zizini Ireland usiku, wakaondoka naye, wakadai fedha. Hawakulipwa, na farasi hajaonekana hadi leo. Huyo hakuwa pambo. Aligawanywa hisa 40, kila moja pauni 250,000, Aga Khan akabaki na 6. Faida inatoka kwenye kupandisha majike.

Ngosha wa Magu: Watu na hisa zao arobaini, dume moja? Huku tungeshachinjana sisi kabla yake.

Dada Igoma: Afadhali wao mnyama anarudisha hela. Kwetu mtu ana ng'ombe mia mbili Kwimba, mtoto anakwenda shule peku, mama anakopa chumvi. Ni Aga Khan kasoro hospitali.

Ng'wana Kwimba: Dada, hapo umekanyaga pabaya. Ng'ombe ni benki yetu. Mimi nimefika chuo kwa ng'ombe wa baba, sijaona mfadhili wala farasi. Nyie wa mjini mnajua ng'ombe akiwa kwenye supu tu.

Dada Igoma: Kati ya hao mia mbili, waliokusomesha ni wangapi? Wanne? Na dada zako walisoma, au wao ndio walioongeza zizi?

Ngosha wa Magu: Uuuwi.

Ng'wana Kwimba: Dada zangu usiwaingize humu.

Mwaloni_Kwetu: Wakuu, mada ni Aga Khan jamani.

Capri_Juu: Narudi kwenye mada. Bwawa la umeme la Bujagali pale Jinja, Uganda, megawati 250, lilizinduliwa 2012, na kampuni za Aga Khan zimo. Ule ni uwekezaji, si sadaka. Kwa hiyo kuhoji farasi ni kupoteza muda. Cha kuhoji ni pale ambapo jina moja limeandikwa kwenye hoteli, benki, gazeti na wodi ya wazazi. Mwananchi atajuaje ni lini anahurumiwa na ni lini yeye ni mteja?

Bibi Dagaa: Eti Jinja! Maji yanatoka ziwani kwetu, yanawawashia Waganda taa, mimi jana sangara wangu wameozea kwenye friji.

Kijana wa Buzuruga: Bibi, Kagera inamwaga maji humo kuliko mto wowote, na chanzo chake ni Rwanda na Burundi. Nao waje kudai?

Bibi Dagaa: Waje. Watanikuta na sangara wangu.

Mzee wa Nyegezi: Almasi za babu zilirudi kwa waumini au hazikurudi? Sijajibiwa.

Capri_Juu: Thamani yake iliingizwa kwenye mfuko wa kukopesha waumini wajenge na wafanye biashara. Diamond Trust, hiyo benki unayopita mbele yake, mizizi yake ni hapo.

Mzee wa Nyegezi: Kukopesha. Umesema mwenyewe.

Ng'wana Kwimba: Dada Igoma, kwa taarifa yako, dada zangu wawili wamesoma. Mmoja ni nesi Bugando.

Dada Igoma: Hongera zao. Mko wangapi?

Ng'wana Kwimba: Tisa.

Ngosha wa Magu: Wasichana wangapi, ngosha? Taja, tuko hapa.