Amenisimulia yote mbele ya kamera, sasa anataka nimtoe

MpigaPicha_Uyole
Wakuu, salaam. Nipo Uyole, Mbeya, natengeneza filamu ya matukio halisi kuhusu mgawo wa maji kwenye mifereji ya mpunga, bonde la Usangu. Januari nilikaa Mbarali wiki tatu kwa mama mmoja ambaye majaruba yake yako mkiani kabisa mwa mfereji. Zamu yake ya maji ni saa nane usiku. Tulienda wote na tochi. Akachuchumaa, akatumbukiza mkono mpaka chini, maji hayakupita kifundo. Hapohapo akamtaja anayefunga lango huko kwenye banio, maji ya mto yanapoingilia mferejini, na anapewa shilingi ngapi.

Juzi kanipigia, anataka nimtoe. Karatasi ya ridhaa alisaini, kibali cha Bodi ya Filamu ninacho. Nikimtoa, nabaki na mifereji na yangeyange. Nikiziba sura na kubadili sauti, si inatosha?

Kijana_wa_Rujewa
Haitoshi, mkuu. Mimi kwetu ni huko. Uzibe sura, kanga tunaijua. Ubadili sauti, zamu ya saa nane tunajua ni ya nani. Atakayeshindwa kumtambua ni mtu wa Dar, na huyo hana shida naye. Wewe unarudi Uyole, yeye msimu ujao anaomba maji kwa mtu yuleyule.

Mnyalukolo
Kamwene. Hiyo karatasi alisaini kabla ya kusema au baada? Mimi nilirekodi mabinti wa Kilolo waliokwenda Dar kufanya kazi za ndani. Kila mmoja alisaini mara mbili: siku ya kwanza, halafu tena baada ya kujiona kwenye kompyuta. Watatu wakajitoa, mmoja wao ndiye aliyekuwa na simulizi nzito kuliko wote. Nililala nimenuna.

Halafu huyo wa lango umemsikiliza? Maana mpaka sasa ulichonacho ni tuhuma. Nenda kwenye jumuiya ya watumia maji, omba uone daftari la zamu.

Mzee_wa_Mtera
Vijana, mkimtoa kila mwenye hofu tutabaki na filamu za tembo. Tangu 1993 mto Ruaha Mkuu, unaopokea maji ya Usangu, unakauka kiangazi kule hifadhini, na kila mwaka wanaolaumiwa ni wakulima wa mpunga kwa jumla, kana kwamba wote wanakunywa sawa. Umeme wa Mtera na Kidatu unategemea mto huohuo, kwa hiyo wakubwa wana sikio. Huyo mama ni ushahidi kwamba hata ndani ya mfereji mmoja kuna mwenye nacho na asiye nacho. Mbembeleze.

Kijana_wa_Rujewa
Mzee, shikamoo, lakini kumbembeleza huko ndiko kulikomfanya aseme usiku ule.

MpigaPicha_Uyole
Nimerudi. Mnyalukolo umenishika pabaya: alisaini siku ya kwanza, tukiwa tunakula, hata hakusoma. Nimempigia jana. Kumbe nilimwelewa vibaya. Kaniambia, "Mwanangu, mkono wangu uache, kila mtu anajua maji hayafiki. Jina la mtu ndilo utoe."

Nimekata sekunde kumi na moja. Umebaki mkono, tochi na vyura. Jumamosi nampelekea kompyuta ajione, saini baadaye. Daftari la zamu katibu anasema liko kwa mwenyekiti, mwenyekiti anasema liko kwa katibu.