Karate, mpinzani akishanifikia kifuani: nikwepe pembeni, niingie ndani au nizuie?

Mkanda_Kahawia: Wakuu, mtihani umebakiza wiki 6. Muda unatosha kunoa jibu moja tu la karibu. Lipi?

Ngumi_Kavu: Mtindo gani? Kumite (pambano la wawili) ya kupangiwa au huru? Ngumi au teke? Hujasema kitu, ndugu.

Nyonga_Kwanza: Mimi nasema pembeni, tai sabaki, yaani kukwepa kwa kuhamisha mwili mzima. Hironori Otsuka alitoka kwenye jujutsu, mieleka ya Kijapani, na Wado-ryu, mtindo wa karate aliouanzisha, imesimama hapo. Oi-zuki (ngumi ya kupiga hatua mbele) ya kulia ikija usoni: mguu wa kushoto unaingia mbele-kushoto nyuzi 45, wa kulia unavutwa, nyonga inageukia kulia. Kiganja cha kushoto kinaisindikiza ngumi ipite, cha kulia kinakunjwa na kugonga ubavu. Pigo moja, si "kwepa, halafu piga".

Ngumi_Kavu: Na hapo ndipo wengi wanapoharibu. Wanainamisha kichwa, miguu imeganda. Uzito unabaki kisigino cha nyuma, ngumi ya pili inawakuta hapo hapo. Wengine wanahama mapema mno, mpinzani anageuza tu ngumi na kuwafuata. Subiri bega lake lianze kusogea. Na ukiuacha mguu wa nyuma, unafagiliwa.

Goju_Damu: Kwepa ya nini mtu akishakugusa? Fanyeni kakie, zoezi letu la Goju-ryu: mkono kwa mkono, sukuma, vuta, bila kukaza mabega. Kiwiko chake kikinyanyuka tu, ingia na kiwiko chako. Kuzuia nako kupo, mawashi uke, mikono ikizunguka.

Nyonga_Kwanza: Uke maana yake kupokea, mkuu. Si kuzuia.

Goju_Damu: Kupokea kwa mkono uliolegea ni kupokea ngumi ya pua.

Mkanda_Kahawia: Samahani. Mtindo ni Shotokan, kumite huru. Wanaonisumbua wanasimama mguu wa kushoto mbele, wanakuja na kizami-zuki (ngumi ya mkono wa mbele) kisha gyaku-zuki (ya mkono wa nyuma).

Ngumi_Kavu: Ungesema mapema! Kizami ni chambo tu. Ukihamia kushoto kwako unaifuata gyaku mwenyewe. Nenda kulia: kama nawe umetanguliza kushoto, mguu wa nyuma unaanza, wa mbele unafuata, gyaku yako itue pamoja na mguu. Raundi 20 kila zoezi, polepole kwanza.

Goju_Damu: Au mwingilie kizami ikiwa bado njiani. Akikosa pa kunyooshea mkono, hiyo gyaku ataitoa wapi?

Nyonga_Kwanza: Kwa Shotokan na misimamo ile mirefu? Atafika kesho.

Ngumi_Kavu: Misimamo mirefu ni ya kata, mazoezi ya peke yako yaliyopangwa. Nani anapigana huru kwenye zenkutsu kamili, goti la mbele limekunjwa na mguu wa nyuma umenyooka?

Mkanda_Kahawia: Na mwenye kutanguliza kulia je?