Meli ya kale ya Sutton Hoo, iliyozikwa kaburini huko Uingereza, ilijengwaje?

MkukuTanga: Wakuu, majahazi yetu hapa Tanga hupigwa misumari na kutiwa kalafati. Je, Waanglo-Saksoni, waliotoka kaskazini mwa Ujerumani na Denmaki wakahamia Uingereza karne ya 5, waliundaje vyombo vyao?

Pwani_Raha: Tofauti kabisa, mkuu. Mbao za jahazi hukutana ukingo kwa ukingo. Zao zilipandana, kila ubao ukilalia wa chini yake, zikabanwa kwa ribiti za chuma. Mataruma, yaani mbavu za ndani, yalifuata baadaye. Ile ya Sutton Hoo ilikuwa na urefu wa mita 27!

Chumbageni: Mbao zenyewe zililiwa na mchanga wenye asidi. Mwaka 1939 mwanaakiolojia Basil Brown, aliyeifukua, alifuata safu za ribiti zenye kutu bila kuzing'oa. Ukizing'oa, umbo la meli limepotea. Kazi ya kuheshimiwa mno.