Mlango wa nyuma wa RAV4 umegoma kabisa na Ijumaa nina mgeni, naomba msaada

Baba_Shamsa:
Habari za jioni wakuu. Humu mimi ni msomaji tu, si mwandishi, lakini leo maji yamenifika shingoni.

Nina RAV4 ya 2004, ile fupi yenye tairi la akiba mgongoni, namba C. Mlango wa nyuma haufunguki. Kwa nje haukubali, kwa ndani haukubali. Ulianza kwa kusuasua: asubuhi unafunguka, mchana jua likiwaka unagoma, jioni unarudiwa na akili zake. Tangu Jumapili haujarudiwa tena. Milango mingine iko sawa.

Fundi ameshasema kitasa kimekufa. Swali langu ni dogo: kitasa cha mtumba cha huo mlango kinauzwaje, na nianzie Gerezani au Ilala? Naomba majibu ya haraka.

Tairi_Tano:
Nimekaa paleee nasubiri wataalamu.

Mzee_Kigoda:
Mkuu, mlango wa nyuma wa gari hilo hauinuki juu, unafunguka kwa pembeni kama friji, na umebeba tairi. Tairi likiwa zito kuliko linalotakiwa, bawaba zinalegea, mlango unashuka kidogo tu, kitasa hakikutani tena na kile chuma cha kwenye bodi. Ndio unaona unagoma.

Langu nililinunua kwa mtu aliyelifungia tairi la gari kubwa. Nimesafiri nalo hadi Kondoa na beberu wa watu ndani, kufika mlango haufunguki. Beberu alitokea mlango wa dereva, na pembe zake. Mpaka leo mashemeji wananiita Bwana Beberu. Dawa yake: toa tairi, weka jeki ndogo chini ya mlango, inua taratibu huku unavuta hendeli.

Baba_Shamsa:
Shukrani mzee, ila nazungumzia mlango wa abiria, nyuma kushoto. Sio buti.

Mzee_Kigoda:
Sasa si ungesema. Nimeandika kwa kidole kimoja dakika ishirini.

Mama_Wawili:
Hiyo ni chaild loki, ile ya kuzuia watoto wasifungue mlango. Mwanao ameigusa. Fungua mlango, angalia ubavuni chini ya kitasa, kuna kijiti kidogo, kipandishe au kishushe. Mimi fundi alinila elfu arobaini kwa kukisogeza hicho kijiti. Alizunguka gari, akainamisha kichwa kama daktari, akasema "mama, hapa tunashusha mlango mzima". Nilikuja kujua kwa mdogo wangu siku ya Idi.

Tairi_Tano:
"Fungua mlango." Mama, mlango ndio haufunguki.

FundiNyaya:
Chaild loki inaua hendeli ya ndani peke yake. Kwa nje mlango unafunguka kama kawaida. Wa mkuu umegoma pande zote mbili, kwa hiyo tuiache.

Baba Shamsa, kabla hujanunua chochote nijibu haya. Ukibonyeza rimoti na mkono umeuweka kwenye kava la mlango huo, unasikia nini? Kioo chake kinashuka? Kile kijiti cha loki kando ya hendeli ya ndani ukikisukuma kwa kidole kinakwenda? Na gari limewahi kuguswa umeme siku za karibuni, redio, kamera, alamu, chochote?

Baba_Shamsa:
Mlio upo ila hafifu, kama mtu anayekohoa ndani ya shuka. Kioo kinashuka vizuri. Kijiti kigumu, nikikisukuma kinarudi. Sasa wakuu, bei ya kitasa?

Mtu_wa_Likoni:
Salamu kutoka Mombasa. Gari yangu ilikuwa na shida kama hiyo, lakini yangu hata mlio hakuna. Nikabadilisha mota, wapi. Mwisho mzee mmoja jirani akafungua ule mpira mweusi ulioko katikati ya nguzo na mlango, akakuta waya umekatika ndani, kwa nje mzima kabisa. Kila ukifungua na kufunga, waya unakunjwa palepale, miaka kumi na tano. Tena na hii chumvi ya bahari. Aliunga, akanidai chai na mahamri.

FundiNyaya:
Umesema vizuri kaka wa Likoni. Mlio ukikosekana kabisa, anza na mpira huo. Lakini kwake mlio upo, kwa hiyo umeme unafika.

Baba Shamsa, swali la mwisho umeliruka.

Mtumishi_wa_Kweli:
Wapendwa, tatizo letu ni kupenda magari makubwa kwa mishahara midogo. Gari la miaka ishirini unataka likutii kama jipya? Uza, nunua dogo, pumzika.

Konda_Mstaafu:
Mimi nasema jambo moja. Mlango wa kushoto ndio wa kushukia abiria, upande wa njia ya miguu. Ukiwa umekufa, watu wako wanashukia kulia, kwenye bodaboda. Nimefanya kazi daladala miaka kumi na moja, nimeona mlango wa kulia ukiondoka na pikipiki. Mpaka utakapotengeneza, watoto wasishukie barabarani.

Baba_Shamsa:
Ndicho kinachoninyima usingizi, Konda. Mgeni wa Ijumaa ni mama mkwe, anatoka Tanga, nampokea kituo cha Magufuli pale Mbezi. Goti linamsumbua. Siwezi kumwambia aingie kulia halafu ajiburuze kwenye siti mpaka kushoto.

FundiNyaya, hilo swali sikuliruka, niliona halihusiani. Ni kweli kuna alamu ilifungwa wiki tatu zilizopita. Vibaka wa huku Tabata walitembea na saiti mira mbili usiku mmoja. Lakini aliyefunga ni kijana ninayemwamini, amefunga gari nyingi mtaani, na alamu inalia vizuri sana. Kwa hiyo tusianze kumsingizia. Na fundi wa kitasa nimeshampa elfu sitini ya kutangulizia.

Tairi_Tano:
Haloooo. Wiki tatu zilizopita alamu, mlango ukaanza kusuasua lini?

Baba_Shamsa:
Kama siku nne baadaye. Inaweza kuwa sadfa.

FundiNyaya:
Sasa tunaongea. Vuta kiti.

Ndani ya kitasa kuna mota ndogo, fupi kuliko kidole gumba. Umeme ukienda upande huu inafunga, ukigeuzwa inafungua. Kazi yake ni chini ya sekunde moja, kisha inatakiwa ikatiwe umeme, kwa sababu gia zikifika mwisho mota haina pa kuzunguka. Ukiendelea kuilisha imesimama, inapata moto.

Alamu nyingi za kununua dukani zina mpangilio wa muda huo. Kuna muda mfupi, chini ya sekunde moja, na kuna muda mrefu wa sekunde tatu na kitu. Ule mrefu uliwekwa kwa ajili ya magari yanayofunga milango kwa pampu ya hewa, kama Mercedes za zamani. Fundi makini anatafuta waya wa swichi ya loki ya dereva, anauacha mfumo wa gari upime muda wenyewe. Fundi wa chini ya mti anaingia moja kwa moja kwenye nyaya za mota. Akiacha na muda mrefu, mota zako zote zinachomwa sekunde tatu kila unapofunga gari. Ile iliyokuwa imechoka zaidi inatangulia.

Na ndio maana ulikuwa unagoma mchana. Mota nyingi za aina hiyo zina kisahani ndani kinachobana umeme mota ikipata joto. Bati limechomwa na jua, mota imechomwa na alamu, kisahani kinabana, unasikia kikohozi tu. Jioni ikipoa inafanya kazi. Sasa kijiti nacho kimekuwa kigumu, nahisi gia ya plastiki imelainika ikang'ang'ania.

Funga gari kwa rimoti ya alamu, tega sikio mlango wa mbele kushoto. Ukisikia "tik" kisha mvumo mdogo unaendelea, ndio hiyo. Ukiweka kitasa kipya leo bila kurekebisha alamu, mwezi ujao utafungua uzi mwingine.

Baba_Shamsa:
Nimesikiliza. Kuna mvumo kweli, ila mdogo. Fundi wa kitasa anasema alamu haina uhusiano, na kwamba kwa kuwa mlango umefungwa itabidi akate bati la ndani na grainda afikie kitasa, halafu kava litafunika, hakuna atakayeona. Mimi naona ni njia ya haraka.

FundiNyaya:
GRAINDA? Mkuu, pana nyaya za kioo na kioo chenyewe mle ndani.

Kweli, skrubu tatu za nyota zinazoshika kitasa ziko ubavuni, huzifikii mlango ukiwa umefungwa. Ndio maana wanakimbilia kukata. Lakini jaribu hivi kwanza. Alfajiri, kabla jua halijachoma bati, washa injini, umeme upande mpaka volti 14 hivi. Mtu mmoja akae ndani asukume kijiti upande wa kufungua asikiachie. Wa pili abonyeze rimoti, kufunga na kufungua, akipumzisha katikati. Wa tatu nje avute hendeli huku anaugonga mlango kwa kiganja usawa wa kitasa. Kiganja, si goti.

Ukishindikana, siti za nyuma za gari hilo zinatoka, toa ya kushoto upate nafasi. Skrubu ziko kwenye kishikio na nyuma ya hendeli, kisha klipu kuzunguka ukingo. Bisibisi uifunge kitambaa. Ndani utakuta nailoni imegandishwa kwa gundi nyeusi. Ibandue, usiichane, hiyo ndiyo inayozuia maji ya mvua yasiingie kwenye kapeti. Kisha ingiza mkono uvute fimbo ya kitasa.

Bwana_Shaka:
Samahani kwa kukatisha darasa. Mnampa mtu huduma bure na hii ni CHAI, stori ya kutunga.

Someni tena posti ya kwanza: "RAV4 ya 2004, ile fupi". RAV4 fupi ya miaka hiyo ina milango miwili ya pembeni na buti, basi. Haina mlango wa abiria wa nyuma! Huo wa kushoto uliogoma ameutoa wapi? Na mwezi wa tatu huyuhuyu alifungua uzi akiuliza "RAV4 au Escudo, ninunue ipi?" akasema bajeti bado. Gari hana, mama mkwe hana. Weka picha.

Tairi_Tano:
Duh. Nakunywa na andazi kabisa.

Mzee_Kigoda:
Yaani nimemwaga siri ya beberu kwa mtu asiye na gari?

Mtumishi_wa_Kweli:
Uongo ni mzigo ndugu. Tubu.

Mama_Wawili:
Muacheni ajibu kwanza. Wanaume mkishika jambo.

Baba_Shamsa:
Picha hiyo hapo chini, mlango wa kushoto na kidole changu. Namba nimeziba.

"Fupi" nilimaanisha fupi ukilinganisha na Prado. Sikujua kuna fupi rasmi. Sijui mengi kuhusu gari hili kwa sababu si langu. Ni la shemeji, kaka wa mke wangu, yuko Muscat. Aliniachia tangu mwezi wa nne, akaniambia neno moja tu: mafuta weka, safari nenda, lakini nyaya asiguse mtu. Mama mkwe ni mama yake mzazi. Akiona mlango umekufa, kabla hatujafika Kimara taarifa itakuwa imefika Muscat. Mnaridhika?

Bwana_Shaka:
Picha nimeiona. Milango minne na buti. Naondoa neno chai, nabaki na neno "umetuchelewesha".

Konda_Mstaafu:
Mpigie shemeji wewe mwenyewe kabla mama hajapiga.

Mtu_wa_Likoni:
Ndugu yangu, usimpigie. Tengeneza kwanza, ukimya ni dawa.

Mama_Wawili:
Na mke wako anajua kuhusu alamu?

Baba_Shamsa:
Tusiingie huko.

Baba_Shamsa:
Mrejesho. Leo saa kumi na mbili kasoro asubuhi: mimi kwenye rimoti, binti yangu ndani kwenye kijiti, jirani nje anagonga. Mara ya tisa au ya kumi mlango ukaachia, jirani nusura aanguke. Tumetoa kitasa kwa zile skrubu za nyota. Kukifungua, mota inanuka kama plagi iliyoungua na gia ya plastiki imelika upande mmoja. Kwa hiyo kubadilisha mota peke yake kusingetosha, nimechukua kitasa kizima Ilala. Fundi wangu alikuwa sahihi.

FundiNyaya:
Sahihi kuhusu maiti, si kuhusu muuaji. Alamu umerekebisha?

Baba_Shamsa:
Kijana anasema hiyo ni mipangilio ya kiwandani haiguswi. Nimempa mpaka Jumatatu. Kwa sasa nafunga kwa ufunguo.

Konda_Mstaafu:
Na mama mkwe?

Baba_Shamsa:
Kafika salama. Nilimfungulia mlango wa nyuma kushoto kwa madaha. Akasema goti lake halipendi nyuma, akakaa mbele.

Mgeni_Jamvini:
Mkuu sijasoma kurasa zote, ila hiyo ni chaild loki. Angalia ubavuni mwa mlango, kuna kijiti.