Kubadili AC ya zamani kwa inveta: nitaokoa shilingi ngapi kwa mwezi?

Mpangaji_Tabata: Wakuu, nina AC ya BTU 12,000, ya zamani, gesi R22. Nimepewa bei ya inveta (AC inayopunguza mwendo yenyewe chumba kikipoa) ya gesi R32: 1,350,000 pamoja na ufundi. Umeme wa LUKU inanimaliza, uniti 20 kila usiku, saa mbili hadi saa kumi alfajiri. Fundi anasema matumizi yatashuka nusu. Hela itarudi lini?

Kondensa: Soma kibati ubavuni mwa mashine ya nje. Wati ngapi? Unaweka nyuzi ngapi?

Mpangaji_Tabata: Wati 1,250. Naweka 18.

Bibi Harusi: 18? Umelaza samaki humo?

Mama Wawili: Mwanangu, weka 25 uwashe na feni ya dari. Ni wati 75, usiku wote haifiki uniti moja. Vijana mnapenda anasa kabla ya kujenga.

Kondensa: Ngojeni kwanza. Wati 1,250 kwa saa 8, kompresa (pampu ya gesi) isipokata hata dakika moja, ni uniti 10. Hizo 20 zimetoka wapi?

Mtaa wa Pili: Chai hii. Mpangaji na fundi ni mtu mmoja, kesho utaona namba ya simu.

Mpangaji_Tabata: Siyo chai mkuu. Mita tunatumia na jirani wa uani, tunachanga nusu kwa nusu. Naye ana AC, na friza mbili za barafu za kuuza. Lakini inveta haina kelele, na advansi 300,000 nimeshatoa.

Kondensa: Si ungeanzia hapo! Ukiweka 25, kompresa ya zamani inafanya kazi kama asilimia 70 ya muda: uniti 7. Inveta ikishuka hadi wastani wa wati 500 ni uniti 4. Unaokoa 3 kwa usiku. Kwa shilingi 356 ya uniti pamoja na kodi, ni kama 32,000 kwa mwezi. Jirani anakula nusu, wewe unabaki na 16,000. Hela yako inarudi baada ya miaka saba. Ukibaki na 18, na kama juu ni bati lisilo na dari, inveta nayo itakimbia mwendo wa juu usiku kucha, na hesabu yote inakufa. Fungeni mita ndogo kwanza, kila mtu alipe chake. Halafu osha chujio na kondensa (koili ya mashine ya nje) ya hiyo ya zamani, ndipo upime tena.

Mpangaji_Tabata: Jirani hatakubali mita ndogo. Na ukuta umeshatobolewa, Jumamosi wanafunga.

Kondensa: Basi wasirudie mabomba ya R22, yana mafuta ya aina nyingine. Na wavute hewa kwa pampu ya vakyumu kabla ya kufungulia gesi. Akikwambia "tunapuliza tu kidogo inatosha", mzuie.